Mchanga wa Simbauli

Kila asubuhi kazi ya kwanza ya Siwema Nangonyani ilikuwa kukwangua ute.

Pono hulala ndani ya mfuko wa ute anaoutoa mwenyewe mdomoni, kama mtu ajifunikavyo chandarua, na kukipambazuka huutoboa, akauacha na kwenda zake. Mfuko wa pono wa kawaida ni utando tu, mawimbi mawili haupo. Lakini hawa wa kituo cha kisiwani Simbauli walikuwa wameumbwa upya katika maabara za bara ili wafikie ukubwa wa mbuzi, na kila kitu chao kilikua pamoja nao. Mifuko mia nne ilielea asubuhi ndani ya wigo wa nyavu, ya kijivu, mizito, imenasa vinyesi na chawa wa samaki, ikasukumwa na maji hadi kwenye chujio la pampu na kuliziba. Siwema aliingia majini hadi kiunoni, akakwangua kwa ubao, akazoa kwa ndoo. Ute ulimwingia ndani ya glavu. Ulinuka kama yai viza. Alikuwa ameifanya kazi hiyo miaka sita, na bado kila siku alibana pumzi.

Alivumilia kwa sababu alijua kinachopatikana. Pono hula mwani unaoota juu ya matumbawe yaliyokufa, na kwa kuwa hawezi kuubandua mwani peke yake, huling'ata na jiwe lenyewe kwa mdomo mgumu kama wa kasuku. Meno mengine yaliyo kooni hulisaga jiwe likawa unga. Hana tumbo la kuhifadhi chakula; kinachoingia hupita moja kwa moja utumboni na kutokea nyuma kikiwa mchanga mweupe. Wataalamu walichofanya ni kumwongezea njaa na meno. Pono mmoja wa Simbauli alitoa ndoo tatu kwa siku. Pampu iliufyonza mchanga huo na kuumwaga upande wa mashariki wa kisiwa, ambako bahari ilikuwa ikimega ardhi tangu kabla Siwema hajazaliwa. Watu elfu mbili na mia tatu walilala, walipika na kuswali juu ya kitu ambacho, kusema kweli, kilikuwa mavi ya samaki. Walilitania jambo hilo wenyewe. Hata yeye alilitania.

Jumanne hiyo alipasua pono wawili kwa ukaguzi wa wiki. Wa kwanza alikuwa jike, rangi ya kutu, mzima. Wa pili alikuwa dume la kijani na buluu ambalo miezi minne nyuma lilikuwa jike. Dume la kundi lilipokufa, jike kubwa kuliko yote liligeuka likashika nafasi yake, kama ilivyo kawaida ya jamii yao. Alipoupasua utumbo, uji wa mawe ulimwagika mezani, na haukuwa mweupe. Ulikuwa na umanjano, kama samli iliyochacha.

Umanjano huo alikuwa ameuona ufukweni kwa miezi miwili, akadhani ni mwani. Sasa aliutia kijiko kimoja kwenye mashine ya kupimia. Mashine ikamwambia fosfati, tena nyingi. Jiwe la matumbawe halina fosfati ya kutaja. Mifupa inayo.

Akafungua koo la samaki. Baina ya bamba la juu na la chini la meno ya kusagia kulikuwa na kitu kimekwama. Alikivuta kwa kibanio, akakisuuza bombani, akakiweka kiganjani. Kilikuwa nusu ya gego, na katikati yake kidoa cha madini ya fedha, kilichoshindiliwa vizuri na daktari aliyeijua kazi yake.

Alisimama akikitazama mpaka maji ya bomba yakafurika sinki. Kisha akakumbuka mchuzi wa Ijumaa. Ilikuwa marufuku kula pono wa kituo, lakini mmoja alikuwa amekufa bila ugonjwa, na wafanyakazi wakaona ni israfu kumtupa. Walimpika kwa nazi na ndimu. Siwema aliongeza sahani ya pili, na akasifu kwamba nyama ilikuwa na utamu wa peke yake.

Alitapika ndani ya ndoo ya matumbo, akashika ukingo wa meza, akatapika tena mpaka ikabaki nyongo tupu.

*

Chakula cha pono kilitengenezwa ndani ya banda la bati nyuma ya kituo. Wenyewe walikiita mikate: vifusi vya matumbawe vilivyosagwa, vikachanganywa na mwani na kushindiliwa kuwa matofali. Ufunguo wa banda alikuwa nao mtu mmoja tu, Shaweji Mkadam, msimamizi wa kituo, mzaliwa wa kisiwa, mpole, aliyevua viatu hata alipoingia stoo.

Siwema alimkuta ameketi kwenye gunia akinywa chai ya tangawizi. Akaweka jino mbele yake, juu ya kipande cha karatasi.

Shaweji alilitazama kwa muda. Hakuuliza limetoka wapi.

"Kaa, dada Siwema. Nikumiminie chai?"

"Sikai. Hili ni jino la nani?"

"La nani sijui. La makaburini, hilo najua."

Aliinuka akavuta turubai lililokuwa limefunika ukuta wa nyuma. Mifupa ilikuwa imeoshwa, imekaushwa na kupangwa, mirefu na mirefu, mifupi na mifupi, kama muuza kuni apangavyo mizigo yake. Chetezo cha ubani kilikuwa kikifuka pembeni. Moshi wake ulikuwa umechanganyika na harufu ya mwani unaooza, na harufu hizo mbili zilimwingia Siwema kwa pamoja, hata tangu siku hiyo hakuweza tena kukaa penye ubani.

"Maji makuu ya bamvua la Februari yalifungua makaburi ishirini na moja," alisema Shaweji. "Nilikwenda asubuhi nikakuta kaa wanaingia na kutoka kwenye mbavu za mtu. Nikaokota. Nia yangu ilikuwa niwazike upya kule juu, karibu na zahanati. Wallahi ndiyo nia niliyokuwa nayo. Wiki ileile vifusi vikaisha. Tishari la kuleta mawe halijaja tangu mwaka jana, kila pwani inalilia jiwe. Nimeandika barua saba. Pono wakaanza kung'ata nyavu, na wewe unajua wakitoka wanakwenda wapi."

Alijua. Wangekwenda Kibua, mwamba wa mwisho ulio hai katika pwani yote ile, mwendo wa robo saa kwa boti.

"Nikaanza na baba yangu," Shaweji aliendelea. "Kaburi lake nililijua. Nikasema, kama ni dhambi basi ianzie kwangu. Nilimtia mashineni kwa mikono yangu, nikasoma nilichojua kusoma. Siku ya tatu mchanga wake ulimwagwa pale nyuma ya nyumba ya Bi Mwanaidi. Msingi ulikuwa umeshaanza kuning'inia. Nyumba ikasimama."

"Usiseme mchanga wake."

"Nisemeje?"

Siwema alirudi hatua moja kuelekea mlangoni. Kilichomchefua zaidi ya mifupa ni sauti ya mtu huyu, tulivu, kama anayeeleza jinsi alivyoziba bomba lililopasuka.

"Na hao wengine? Wenyewe uliwauliza?"

"Asiyekuwapo na lake halipo."

"Wana watoto. Wana wajukuu wanaokuamkia shikamoo kila wanapopita hapa."

"Na wajukuu hao wanalala pakavu." Alishusha kikombe. "Usiudhike nikikwambia, dada. Wewe wa kwenu ni bara, huna mtu pale. Mimi nina ukoo mzima. Nikiwa nimenyamaza mimi, wewe unalia kwa ajili ya nani?"

"Ijumaa tulikula pono, Bwana Shaweji."

"Nilisikia."

"Ulijua amelishwa nini."

"Nilijua. Nikakosa la kuwaambia."

"Wewe ulikula?"

Shaweji aliangalia chini. "Sikula."

Jibu hilo ndilo lililomtoa Siwema bandani. Mengine yote angeweza kubishana nayo. Nje alisugua mikono kwa sabuni ya unga na mchanga, kisha akakumbuka mchanga ule ni nini, akaukung'uta kama mtu aliyeshika kaa la moto.

Shaweji alimfuata hadi mlangoni. "Iliyobaki, kwa mgao mdogo uliojazwa mwani, inatosha siku tisa," alisema. "Ukipata njia nyingine, niambie. Mimi sikuipata."

*

Kesho yake Siwema alichukua boti ya kituo akaenda Kibua, akajitosa na kioo cha kuzamia.

Pale chini palikuwa na kelele. Watu wa nchi kavu hudhani bahari ni kimya, lakini mwamba ulio hai hutatarika na kulia kama mafuta yanayochemka kikaangoni. Matumbawe yalikuwa yamesimama kama pembe za paa, mengine mapana kama sinia, ya zambarau, ya kahawia, ya rangi ya haradali. Pono wa asili walipita kwa kundi, kila mmoja mrefu kama mkono, jike kumi na dume moja. Walikuwa wakikwangua mwani juu ya mawe yaliyokufa, kwa adabu, wakiacha alama ndogo nyeupe. Pale walipokwangua, matumbawe machanga yalikuwa yameota, madogo kama punje ya mtama. Pono akitoweka, mwani hufunika kila kitu na mwamba hukosa mahali pa kuzalia. Mwamba ukifa, hakuna kinachovunja wimbi kubwa kabla halijafika nyumbani kwa watu.

Akawafikiria wale mia nne, wakubwa kama mbuzi, wenye njaa waliyotiwa na binadamu, wakimwagwa hapa. Wasingechagua lililokufa na lililo hai. Wangeimaliza Kibua kwa wiki tatu.

Alipanda kwenye boti, akakaa akichuruzika maji. Alihesabu njia alizokuwa nazo. Akinyamaza, siku tisa zingefuatwa na makaburi mengine. Shaweji angechimba hata ambayo bahari haijayagusa, hilo halikuwa na shaka. Akiacha kuwalisha, Kibua ingekwisha. Akiwaua, mchanga ungekoma, na upande wa mashariki ungeondoka na bamvua moja au mawili. Hakukuwa na njia ambayo mtu angeipita na kubaki na mikono safi. Wazo la kunyamaza lilimjia, si mara moja, na kila lilipokuja lilikuwa na ladha ya mchuzi wa nazi.

Aliwasha injini, akaenda moja kwa moja kwa Maalim Hatibu, imamu wa msikiti wa Ijumaa, na kumweleza yote bila kupunguza.

Maalim alikuwa mtu mnene, mwenye kikohozi. Alisikiliza mpaka mwisho, kisha akaingia ndani, na Siwema akamsikia akisukutua. Alikaa huko muda mrefu.

"Mimi pia nilikula Ijumaa," alisema aliporudi. "Waliniletea bakuli." Akapangusa ndevu. "Waambie mwenyewe. Mimi nitawaita."

*

Walikutana shuleni saa nne asubuhi, kwa sababu ndilo jengo pekee lililowatosha, na waliokosa nafasi wakasimama madirishani. Siwema aliongea kwa dakika chache tu. Alitaja Februari, akataja banda, akataja jino. Hakumtaja mtu, lakini Shaweji aliinuka mwenyewe kutoka dawati la mbele.

"Ni mimi," alisema. "Nilianza na Mzee Mkadam. Mnaotaka kunipiga nipigeni, sitakimbia."

Hakuna aliyempiga. Ilikuwa kama watu wote wamemeza kitu kimoja kwa pamoja na hakishuki. Mwanamke mmoja alijifunika uso kwa khanga, akaanza kujipangusa ulimi kwa pindo lake, akipangusa na kupangusa, na walio karibu naye wakasogea.

Bi Mwanaidi, ambaye nyumba yake ilikuwa ya mwisho upande wa mashariki, aliuliza kwa sauti ndogo, "Binti yangu Zubeda alikuwa safu ya tatu kutoka baharini. Yumo?"

Shaweji alifumba macho. "Yumo, mama."

"Huku kwangu, au kule kwenye gati?"

"Sijui, mama. Pampu haichagui."

"Nilikuwa nafagia ua," alisema Bi Mwanaidi. "Kila siku nilikuwa nafagia, naukusanya, naumwaga jalalani kwa sababu ulikuwa unaingia kwenye unga."

Akakaa chini. Msichana wa jirani yake akamshika bega.

Fundi boti aitwaye Mwichande akasema kutoka dirishani, "Nikiongea mtanichukia, lakini naongea. Mama yangu yuko safu ya sita. Bamvua lijalo ataliwa na kaa. Kati ya kaa na kushika kisiwa, mimi nachagua ashike kisiwa. Na mimi nikifa, nitieni humohumo. Naandika leo."

Watu wawili wakaitikia kwamba hata wao. Siwema alikuwa amejiandaa kwa hasira. Hakujiandaa kwa watu wema kulizoea jambo lile mbele ya macho yake, ndani ya nusu saa, wakilipangia na foleni.

"Mwichande," alisema Siwema, "ukijitoa wewe, hiyo ni hiari yako, sikuzuii. Lakini wale hawakujitoa. Na mtu mmoja anatosha siku tatu tu. Samaki ni mia nne. Mwaka ukiisha tutakuwa tunangoja nani afe."

Mtu fulani akamtazama Bi Mwanaidi, mkongwe kuliko wote mle ndani, akageuza macho upesi. Bi Mwanaidi aliliona jicho lile. Siwema pia aliliona, na karibu kila mtu.

Maalim Hatibu akakohoa. "Mmeona," alisema. "Tumeshaanza. Maiti ana heshima yake kama aliye hai, na mkiiondoa ya mmoja ya mwingine haikai. Samaki wafe. Walichobeba kizikwe."

"Na kisiwa?" aliuliza Mwichande.

Maalim alimgeukia Siwema, na Siwema akasema ukweli. "Upande wa mashariki utakwenda. Sina njia ya kuuzuia. Kibua itabaki, na ikibaki, huku juu patadumu miaka mingi."

Walinyoosha mikono, mmoja kwa kila nyumba. Mia moja arobaini na tatu walitaka samaki wafe, tisini na moja hawakutaka. Bi Mwanaidi alinyoosha pamoja na wa kwanza.

*

Waliwaua Jumamosi kwa mafuta ya karafuu, mapipa mawili yaliyoletwa kutoka Pemba. Mafuta hayo humlaza samaki kwanza, na yakizidi hamwamshi. Siwema alichanganya kipimo, Shaweji akafungua mapipa. Hakuna aliyemwambia asaidie wala asisaidie.

Pono waliyumba, wakalala ubavu. Wengi, kabla ya kulala, walianza kutoa ute kama kawaida yao, na wigo mzima ukajaa mifuko iliyokamilika nusu, inayonuka karafuu na yai viza, samaki wakifa ndani yake huku wamefumbata mapezi. Watu waliingia majini na kuwavuta kwa mikono. Ute uliwashika vifuani, nyweleni, kwenye midomo. Vijana walitapika wakaendelea. Mwichande, aliyekuwa amepiga kura ya kukataa, ndiye aliyebeba wengi kuliko wote, wawili wawili, kichwa cha samaki kikimgongagonga mgongoni na mchanga wa manjano ukimtiririkia miguuni kutoka kwa kila mmoja.

Waliwazika wote, na mifupa yote iliyokuwa bandani, katika shimo moja refu kwenye kilima cha zahanati. Maalim aliwaswalia waliomo ndani. Shaweji alisimama mstari wa nyuma kabisa, na mtu aliyekuwa kando yake akasogea kidogo, kisha baada ya takbiri ya pili akarudi, bega kwa bega.

Siwema alinawa siku nzima. Alijisugua kwa ndimu, kwa majivu, kwa sabuni ya mche. Wiki mbili hakula kitu chochote cha baharini, na chumvi yenyewe ilimwia ngumu.

Bamvua lilikuja mwezi uliofuata, mchana kweupe, bila dhoruba. Bahari ilipanda tu, kama maziwa yanapochemka, ikachukua mchanga wa miaka kumi katika siku nne. Iliondoka njia ya gati, ukaondoka mstari wa mwisho wa nyumba. Hakufa mtu, walikuwa wamehama mapema. Wimbi lililovuka Kibua lilifika limevunjika nusu, na nyumba za safu ya pili zilibaki.

Siku ya tano Siwema alimkuta Bi Mwanaidi kwenye mabaki ya ua wake, anahangaika na mlango. Ulikuwa mlango wa mninga, wenye kufuli bado, ndicho kitu pekee alichotaka kuokoa. Alikuwa ameuinua upande mmoja na hauendi.

"Umetutoa katika unajisi, mwanangu," alisema alipomwona. Hakukuwa na ukali katika sauti yake. "Nilitaka nikushukuru na sikukuona. Sasa niambie, tunakwenda wapi?"

Siwema alishika upande wa pili wa mlango. Waliubeba wakipanda kilima, polepole, maana ulikuwa mzito na bibi hakuwa na pumzi. Walipumzika mara tatu njiani, na mara zote tatu Bi Mwanaidi alimuuliza swali lilelile.